Grande Otelo wa Brazil: mwigizaji msaidizi, au mhusika mkuu aliyewekwa wa pili?

MwalimuWaJukwaa (Tanga)

Wanajukwaa, nawasalimu nyote. Nafundisha sanaa za maonyesho, na muhula huu nimeamua kutumia sinema ya Brazil kueleza kazi ya mwigizaji msaidizi, kwa sababu wanafunzi wangu, kama vijana wengi waliokulia kwenye vibanda vya video, wanaamini kwamba filamu ni steringi na wengine wote wapo ili wapigwe. Ukimpa mmoja nafasi ya mlinzi wa geti, ananuna wiki nzima.

Niliyemchagua ni Sebastião Bernardes de Souza Prata, anayefahamika zaidi kwa jina la Grande Otelo, mzaliwa wa Uberlândia katika jimbo la Minas Gerais mwaka 1915, aliyefariki mwaka 1993 akiwa ameonekana katika filamu zaidi ya mia moja. Nilidhani atakuwa mfano mwepesi. Katika vichekesho vya studio ya Atlântida jina lake linakuja baada ya jina la mchekeshaji mwenzake Oscarito; katika O Assalto ao Trem Pagador ya mwaka 1962, inayohusu kundi la watu waliolivamia treni la mishahara, yeye ni mlevi wa mtaani; na katika Fitzcarraldo ya mwaka 1982 ni mkuu wa stesheni anayeonekana kwa muda mfupi tu.

Nilipofika kwenye Macunaíma ya mwaka 1969 ndipo somo liliponiharibikia. Filamu inafunguka kwa mama aliyesimama akigumia kwa uchungu, naye ni mwanamume aliyevalishwa nguo za kike, halafu kutoka chini ya gauni anadondoka sakafuni mtoto mchanga ambaye ni Grande Otelo mwenyewe, mtu wa zaidi ya miaka hamsini, akilia kwa midomo iliyopinda kama kichanga cha siku moja. Huyo ndiye Macunaíma, mwenye filamu. Muda si mrefu, hata hivyo, anaoga kwenye chemchemi ya ajabu, ngozi yake inageuka kuwa nyeupe, na tangu hapo mhusika yule yule anachezwa na Paulo José, ambaye ndiye aliyekuwa amecheza mama. Sasa nimwambie nini mwanafunzi atakayeuliza steringi ni nani? Naomba pia kujua Wabrazil wenyewe walikuwa wakiiitaje nafasi ya mtu wa namna hii, na kama kuwekwa kwake wa pili kulitokana na kipaji, na mkataba, au na rangi yake.

MwanaPalma (Cabo Delgado)

Mwalimu, nashukuru kwa swali lako. Mimi ni mtu wa Palma, kaskazini mwa Msumbiji. Kiswahili ni cha nyumbani na Kireno nilikipata shuleni, kwa hiyo niruhusu nianze na maneno, kwa maana naona nusu ya mkwamo wako imetoka hapo. Sisi tuna neno moja, mwigizaji msaidizi, na tunamtupia kila asiyekuwa steringi. Wabrazil wana angalau matatu. La kwanza ni coadjuvante, ambalo ndilo rasmi na ndilo linalotumika kwenye tuzo: mtu mwenye nafasi ya kueleweka, anayebeba sehemu ya hadithi bila kuwa mwenye hadithi. La pili ni ponta, yaani ncha, nafasi ndogo ya tukio moja au mawili. Mkuu wa stesheni uliyemtaja ni ponta. La tatu ndilo linalomhusu Otelo zaidi, nalo ni escada, yaani ngazi. Katika wachekeshaji wawili, ngazi ni yule anayeuliza swali ili mwenzake ajibu, anayesimama wima ili mwenzake ateleze, na kazi yake inahesabiwa kuwa nzuri pale ambapo watu wanamcheka mwingine. Mwigizaji msaidizi anaweza kuwa na siku yake ya kung'ara, lakini ngazi, kwa mujibu wa kazi yenyewe, ni ya kukanyagwa.

Otelo hakuanza kama ngazi ya mtu. Alikuwa jukwaani tangu utotoni, na mwaka 1926 alikuwemo katika Companhia Negra de Revistas, kundi la maonyesho la wasanii weusi ambalo muziki wake ulikuwa mikononi mwa mwanamuziki Pixinguinha. Huko aliitwa Pequeno Otelo, Otelo Mdogo, jina lililotokana na Otello, opera ya Verdi ambayo iliaminika angekuja kuiimba atakapokua. Hakuiimba, na kimo chake hakikuongezeka sana, ila jina ndilo lililokua likawa Otelo Mkubwa. Akafanya kazi katika kasino ya Urca mjini Rio de Janeiro, na mwongozaji wa Marekani Orson Welles alipofika mwaka 1942 kupiga picha za kanivali kwa ajili ya filamu ya It's All True, Otelo alikuwa miongoni mwa watu aliowategemea. Mwaka huo huo wimbo wa samba uitwao Praça Onze, alioutunga pamoja na Herivelto Martins, uliimbwa na mji mzima: ulikuwa maombolezo ya uwanja wa wapiga samba uliokuwa ukivunjwa kupisha barabara kuu ya Presidente Vargas. Studio ya Marekani iliisimamisha kazi ya Welles, na filamu haikukamilika.

Halafu ikaja Atlântida, iliyoanzishwa Rio mwaka 1941. Filamu yake ya kwanza ya hadithi, Moleque Tião ya mwaka 1943, ilijengwa juu ya maisha ya Otelo mwenyewe na yeye ndiye aliyekuwa mhusika mkuu. Tafadhali uliweke hilo kwenye daftari lako: studio iliyokuja kumfanya ngazi ilianza kwa kumfanya mlango. Nakala za filamu hiyo zimepotea zote, kwa hiyo ushahidi wa mwanzo wake kama mhusika mkuu haupo tena wa kutazamwa, ilhali filamu alizokuwa wa pili zipo nyingi. Nadhani hilo peke yake limeathiri sana namna tunavyomkumbuka.

Kuanzia mwaka 1944 aliwekwa pamoja na Oscarito, mzaliwa wa Hispania aliyekulia kwenye sarakasi, na wawili hao wakawa uso wa chanchada, vile vichekesho vya nyimbo na kanivali vilivyotengenezwa kwa fedha kidogo na kujaza kumbi za sinema. Kwenye mabango iliandikwa Oscarito kwanza, Grande Otelo baadaye. Jibu langu kwa swali lako la tatu ni rangi, wala silizungushi.

Kibonzo_wa_Kariakoo (Dar es Salaam)

Ndugu MwanaPalma, umenifundisha neno la ngazi na nitalitumia, ila sikubaliani nawe kwamba Otelo alikuwa ngazi ya Oscarito, na ningependa Mwalimu asiwapelekee wanafunzi picha ya mtu aliyekanyagwa tu.

Chukua Carnaval no Fogo ya mwaka 1949, iliyoongozwa na Watson Macedo, katika tukio la roshani ambalo kila anayeandika kuhusu chanchada hulitaja. Oscarito yuko chini akiwa Romeo. Juu, kwenye roshani, Juliet ni Grande Otelo, amevaa wigi la nywele za dhahabu zilizosukwa mikia miwili. Hebu tazama mgawanyo wa kazi ulivyo. Oscarito anahangaika na mwili mzima, mikono, magoti, macho. Otelo amezuiliwa na ukingo wa roshani na kimebaki kifua na uso. Kwa sehemu hiyo ndogo anamgeuza Juliet kuwa mwali mwenye haya, mwenye deko, na mwenye subira inayokaribia kumwishia. Kicheko kinatoka kwa wote wawili, na hakuna anayemwandalia mwenzake. Kama kuna ngazi pale, basi ni ile ya kupandia roshani!

Kuna jambo jingine kuhusu filamu hiyo ambalo sipendi kulieleza kirefu, lakini si haki kulificha. Katika kipindi kile kile ambacho filamu ilikuwa ikipigwa, mke wa Otelo alimuua mwanawe mdogo, ambaye Otelo alikuwa baba yake wa kambo, kisha akajiua. Otelo alirudi studio akamaliza kazi. Nimelitazama tukio la roshani mara nyingi tangu nilipolijua hilo, na kila mara huwa namtafuta yule mtu mwenye msiba chini ya lile wigi, nami simwoni, namwona Juliet tu.

Kuhusu rangi, sikatai. Nadai tu kwamba hadithi ina pande zaidi. Mtazame katika Rio Zona Norte ya mwaka 1957, ya mwongozaji Nelson Pereira dos Santos. Hapo Otelo ni mhusika mkuu bila ubishi: Espírito da Luz Soares, mtunzi wa samba anayeishi kwenye vitongoji vya kaskazini mwa Rio, ambaye mwanzoni mwa filamu amelala kando ya reli baada ya kuanguka kutoka kwenye treni, na tunayemfahamu kupitia kumbukumbu zake mwenyewe. Nyimbo zake zinachukuliwa na wajanja wa biashara ya redio wanaoweka majina yao. Kuna mahali anafanikiwa kumwimbia wimbo wake Ângela Maria, mwimbaji halisi aliyekuwa na jina kubwa wakati ule na aliyejiigiza mwenyewe. Anaanza kwa wasiwasi, mwimbaji anausikiliza, kisha anaupokea na kuuimba kwa sauti yake kubwa, na kamera inabaki na Otelo wakati anasikia kitu alichokitunga kikitoka kwenye koo la mtu mwingine. Hasemi chochote, bali uso unafunguka polepole, kama wa mtu anayeitwa kwa jina lake halisi baada ya miaka. Mtu anayeweza kufanya hivyo si msaidizi wa yeyote.

MwanaPalma (Cabo Delgado)

Ndugu yangu wa Kariakoo, tukio la roshani nakuachia, umeshinda. Lakini umenipa hoja bila kujua. Hesabu filamu ambazo Otelo alikuwa mwenye hadithi: Moleque Tião, ya kijana mweusi maskini, Rio Zona Norte, ya mtunzi mweusi anayeibiwa, na Também Somos Irmãos ya mwaka 1949, ambako yeye na Aguinaldo Camargo walicheza ndugu wawili weusi waliolelewa na familia ya wazungu, wakigawana uzito wa hadithi nzima. Alipewa mbele pale ambapo umaskini au weusi ndio uliokuwa mada. Pale ambapo mada ilikuwa furaha ya watu wote, mapenzi, ulaghai wa mjini, kanivali, alirudishwa nyuma ya Oscarito, na hadithi ya mapenzi walipewa vijana weupe wasiokumbukwa leo na mtu yeyote. Mwaka 1951 Brazil ilipitisha sheria ya Afonso Arinos dhidi ya ubaguzi wa rangi baada ya mcheza dansi wa Marekani, Katherine Dunham, kukataliwa chumba hotelini São Paulo. Maana yake jambo hili lilikuwa likijadiliwa bungeni wakati Otelo yuko studio.

Tena studio ililijua, kwa sababu ililifanyia filamu. Itafute A Dupla do Barulho ya mwaka 1953, ambayo ndiyo ya kwanza kuongozwa na Carlos Manga. Oscarito ni Tonico, Otelo ni Tião, wachekeshaji wawili wa jukwaani, na kisa kizima kinatokana na Tião kuchoka kuwa wa pili: anataka jina lake, anaingia kwenye ulevi, na wawili hao wanatengana. Jina la mhusika ni lile lile la Moleque Tião wa miaka kumi nyuma. Mwishoni wanapatana, kama vichekesho vinavyotaka, na mambo yanarudi yalivyokuwa. Mwaka uliofuata wakafanya Matar ou Correr, mzaha juu ya filamu za kauboi, ambamo Oscarito anakuwa mkuu wa polisi wa mji na Otelo ni rafiki anayefuatana naye. Hiyo ndiyo ya mwisho kwa wawili hao katika Atlântida. Mwalimu, kama una saa mbili tu za somo, hiyo ya Carlos Manga ina faida kuliko Macunaíma, kwa sababu hapo mwigizaji wa pili anacheza mwigizaji wa pili anayelalamika.

BintiMatemo (Muscat)

Nimewafuatilia kwa makini, na mniwie radhi wakubwa zangu nikisema kwamba mnamgombea mtu ambaye, kwa vyovyote, alikuwa nyota. Mwalimu aliuliza kuhusu kazi ya mwigizaji msaidizi. Kwa hilo ningemwomba awatazame waliosimama nyuma ya hao wawili ndani ya filamu zile zile.

José Lewgoy, mzaliwa wa Veranópolis huko kusini, aliyesomea maigizo Marekani, aliingia kwenye chanchada kupitia Carnaval no Fogo kama adui, na akawa adui wa kudumu wa Atlântida, yule mwenye suti safi na sigara ambaye ukimwona unajua kuna kidani kitaibiwa. Angeweza kuishia hapo. Lakini mwaka 1967 mwongozaji Glauber Rocha alimchukua katika Terra em Transe akamfanya Vieira, mwanasiasa anayewaahidi watu kila kitu, na ule ustadi wa miaka mingi wa kutabasamu huku akificha jambo ukapata kazi mpya kabisa. Mwongozaji Mjerumani Werner Herzog naye alimtumia katika Fitzcarraldo, ambamo yumo pia Otelo, halafu katika Cobra Verde ya mwaka 1987.

Wilson Grey alikuwa chini zaidi ya hapo. Huyo hakuwa adui; alikuwa mtu wa adui, mwembamba, mwenye mustachi mdogo, anayetumwa kufuatilia gari na kurudi na habari mbaya. Alionekana katika filamu nyingi kiasi kwamba hata wanaomhesabu hawakubaliani, na nyingi kati ya hizo hana zaidi ya sentensi chache. Mwaka 1982, akiwa na umri wa karibu miaka sitini, mwongozaji Ivan Cardoso alimpa nafasi kuu ya mwanasayansi mwendawazimu katika O Segredo da Múmia, na raha yake ni kuona kwamba hakubadilisha chochote: macho ni yale yale ya mtu anayengoja kufokewa na bosi, isipokuwa safari hii bosi ni yeye.

Na yupo Jofre Soares, ambaye nampenda kuliko wote. Alikuwa ametumikia jeshi la wanamaji, yuko kwao Palmeira dos Índios katika jimbo la Alagoas, anakaribia miaka 45, wakati Nelson Pereira dos Santos alipofika huko kutengeneza Vidas Secas, iliyotoka mwaka 1963. Akapewa nafasi ya mwenye ng'ombe anayempunja mchungaji kwenye hesabu ya mshahara. Anakaa mezani, anahesabu, anatoa noti. Mchungaji anasema hesabu haiko sawa. Tajiri hapandishi sauti, anamwambia tu akatafute kazi kwingine, na mchungaji anaomba radhi. Mwigizaji mwenye uchu wa kuonekana angegonga meza. Jofre Soares aliuacha ukatili ubaki kwenye utulivu wa mtu aliyezoea kutii na kutiiwa, na kwa miaka thelathini iliyofuata waongozaji hawakuacha kumwita: padri, mkulima, babu, na katika Bye Bye Brasil, mzee anayezunguka vijijini na mashine ya kuonyeshea sinema, akilalamika kwamba televisheni imemmalizia watazamaji.

Hao ndio wa kuwaonyesha wale wanaonuna, Mwalimu. Otelo atawapotosha.

MwalimuWaJukwaa (Tanga)

Nimewasoma wote, na nimelazimika kulipanga somo upya. BintiMatemo ameniponya: Alhamisi nitaanza na meza ya Vidas Secas, kwa kuwa hata yule wa mlinzi wa geti ataelewa kinachofanyika pale bila maelezo yangu. Halafu nitaonyesha roshani, sauti nikiwa nimeizima, niwaulize ni nani ngazi na ni nani anayepanda. Hoja ya MwanaPalma kwamba mada ndiyo iliyoamua lini Otelo awekwe mbele, nitaiacha hadi baada ya mapumziko, kwa sababu najua italeta kelele.

Jambo moja bado linanisumbua. Ile ponta ya Fitzcarraldo, je, ilikuwa kushuka kwake? Ameshakuwa Macunaíma, na ninavyofahamu alipata tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la Brasília kwa kazi hiyo, kisha miaka kumi na mitatu baadaye anapewa dakika chache kwenye filamu ya Mjerumani.

Kibonzo_wa_Kariakoo (Dar es Salaam)

Mwalimu, irudie kuitazama kabla ya Alhamisi. Katikati ya msitu kuna stesheni ya reli ambayo haikukamilika, na Otelo yupo pale akiilinda, na sare yake. Wanapofika wageni, anawapokea kama mtu anayeamini kuwa treni imekaribia. Wamekuja kung'oa reli. Angalia jinsi anavyojaribu kuitetea stesheni yake mbele ya watu waliokwisha kuamua, kwa adabu zote za mtumishi wa serikali, akiwa amekinyoosha kimwili kile kifupi kadiri kinavyonyooshwa. Filamu nzima inahusu mtu mwenye ndoto isiyowezekana, na kwa muda huo mfupi ndoto ya yule mzee wa reli inakuwa kubwa kuliko ya steringi.

Kushuka siwezi kuita. Novemba 1993 alikuwa safarini kwenda Nantes, Ufaransa, ambako tamasha la filamu za Afrika, Asia na Amerika ya Kusini lilikuwa limemwandalia heshima kwa kazi yake, moyo ukasimama alipotua uwanja wa ndege wa Paris. Mwaka huo huo vipande vya filamu ya Welles vilivyokuwa vimekaa kwenye makopo kwa nusu karne vilikuwa vimeonyeshwa hatimaye.

MwanaPalma (Cabo Delgado)

Naongeza dogo tu, kisha nalala. Kwenye orodha yako andika jina lake kamili mara moja, Sebastião Bernardes de Souza Prata, halafu uendelee na Grande Otelo. Na kama kuna mwanajukwaa mwenye nakala nzuri ya Também Somos Irmãos, naomba aniambie, kwa maana niliyo nayo sauti inakatika pale pale ambapo ndugu wawili wanaanza kugombana.